Ibn Sina: Tabibu aliyetibu viungo pamoja na moyo

Sifa zote njema ni za Mwenyezi Mungu (S.W.), Muumba wa mwili na roho, na rehema na amani zimshukie Mtume wetu Muhammad (S.A.W.), jamaa zake na masahaba zake wote.

Ama baad. Ndugu Waislamu, ni nyumba chache miongoni mwetu ambazo hazijapata kuuguza mtu aliyepooza upande mmoja kwa kiharusi, au mzee aliyevunjika nyonga, au kijana aliyeumia mgongo kwa ajali ya barabarani. Siku za mwanzo watu hujaa, dua husomwa na uji huletwa. Miezi inapopita wageni hupungua, na mgonjwa hubaki akiutazama ukuta. Hapo huzuka jambo ambalo wengi wetu hatulioni mapema: mkono uliopooza umeanza kumkatisha tamaa, na kwa kuwa amekata tamaa, ule mkono nao haupati mtu wa kuujaribu. Maradhi mawili yanalishana, na nyumba nzima huingia katika uzito.

Wataalamu wa tiba ya viungo, ambayo hospitalini huitwa fiziotherapia, wanalijua vyema jambo hili. Tafiti nyingi za siku hizi zimeonyesha kwamba takriban mtu mmoja kati ya watatu waliopatwa na kiharusi hupatwa pia na sonona, yaani ile huzuni nzito isiyoondoka, na kwamba mwenye sonona huchelewa kurejewa na nguvu zake. Lakini uhusiano huu wa kiungo na moyo haukugunduliwa jana. Miaka elfu moja iliyopita alikuwapo tabibu katika nchi za Kiislamu aliyeuandika kwa mpangilio na kuufanya sehemu ya kazi yake. Huyo ni Abu Ali Husein bin Abdallah, maarufu kwa jina la Ibn Sina, ambaye Wazungu walimwita Avicenna. Ijumaa hii tunayapitia maisha yake, tukitazama zaidi upande huo wa elimu yake.

Kuzaliwa na malezi yake

Ibn Sina alizaliwa mwaka 370 Hijria, sawa na 980 Miladia, katika kijiji cha Afshana karibu na mji wa Bukhara, ambao leo umo katika nchi ya Uzbekistan. Baba yake alikuwa mtu wa Balkh aliyekuja kuutumikia utawala wa Wasamani, na mama yake aliitwa Sitara. Familia ilipohamia Bukhara, mtoto alikabidhiwa kwa walimu, na alipotimiza umri wa miaka kumi alikuwa amehifadhi Kur'ani Tukufu na kusoma vitabu vingi vya lugha na adabu. Baadaye alisoma fikihi, hesabu, mantiki na falsafa, kisha akaigeukia tiba. Mwenyewe alisimulia kwamba aliiona tiba si elimu ngumu, na kwamba akiwa na miaka kumi na sita matabibu wakubwa kwa umri walikuwa wakija kusoma kwake. Tena hakusoma kwa vitabu peke yake. Aliwatembelea wagonjwa, na huko akajifunza njia za kutibu ambazo hazikuandikwa popote.

Imepokewa kutoka kwake pia kwamba alipokwama katika mas'ala aliuendea msikiti, akasali na kumuomba Mola wake hadi kile kilichofungwa kikafunguka.

Sifa zake zilimfikia Amir Nuh bin Mansur, aliyekuwa mgonjwa na matabibu wake wameshindwa. Kijana huyo wa takriban miaka kumi na saba akaitwa kushirikiana nao, na baada ya hapo akaruhusiwa kuingia katika maktaba ya watawala hao, yenye vyumba vingi na masanduku ya vitabu yaliyopangwa kila fani mahali pake. Aliisoma kwa pupa, na humo akajenga msingi wa yote aliyoyaandika baadaye.

Maisha ya kuhamahama

Raha hiyo haikudumu. Dola ya Wasamani ilianguka, na baba yake akafariki wakati yeye akiwa na miaka ishirini na miwili hivi. Tangu hapo maisha yake yakawa ya safari, kutoka mji hadi mji na kutoka mtawala hadi mtawala. Alikwenda Gurganj katika Khwarazm, akapita miji ya Khurasan, akafika Jurjan iliyo karibu na bahari ya Kaspi. Huko, mnamo mwaka 1012, alikutana na Abu Ubayd al-Juzjani, mwanafunzi ambaye hakumwacha tena hadi kifo chake miaka ishirini na mitano baadaye. Sehemu kubwa ya tunayoyajua juu ya Ibn Sina tumeyapata kwa mtu huyu, kwani mwalimu alimsimulia habari za ujana wake, na yeye akaandika yaliyofuata kwa macho yake.

Ni huko Jurjan alikoanza kuandika kitabu chake kikubwa cha tiba, Al-Qanun fi al-Tibb, chenye sehemu tano. Kutoka hapo alikwenda Rayy, akamtibu mtawala kijana Majd al-Dawla, aliyekuwa na maradhi ya huzuni nzito ya akili. Kisha akaenda Hamadan, akamtibu Amir Shams al-Dawla maradhi ya tumbo, akafanywa waziri wake. Askari wakamwasi, nyumba yake ikaporwa, na ikambidi ajifiche siku arobaini. Amir alipougua tena alimtafuta, akamtaka radhi na kumrudisha katika cheo. Mchana ukawa wa kazi za serikali, na usiku wanafunzi wakakusanyika nyumbani kwake kusoma kwa zamu. Baada ya kufa kwa Shams al-Dawla alifungwa miezi minne katika ngome ya Fardajan, na hata humo kalamu yake haikusimama. Hatimaye alitoroka Hamadan kwa siri, akivaa mavazi ya masufi, pamoja na al-Juzjani, ndugu yake na watumishi wawili, akafika Isfahan kwa Amir Ala al-Dawla, ambako alipata heshima na utulivu.

Tumeyataja haya ili tujue kwamba yule aliyeandika juu ya hofu, huzuni na uchovu hakuwa mtu wa kuyasikia tu. Aliyaonja.

Mazoezi na kuchua

Katika sehemu ya kwanza ya Al-Qanun, Ibn Sina aliyataja mambo sita ambayo afya ya mwanadamu haikosi kuyategemea: hewa, chakula na kinywaji, mwendo na mapumziko, usingizi na kukesha, kutoka na kuzuilika kwa vinavyopaswa kutoka mwilini, na mwisho hali za nafsi kama furaha, hasira, hofu na huzuni. Basi na tutazame mpangilio huu. Mwendo wa viungo na hali ya moyo vimewekwa katika orodha moja, mbele ya tabibu mmoja, wala hakikutengwa kimoja kikaachiwa watu wengine.

Juu ya mwendo aliandika kwa urefu. Aliyaeleza mazoezi kuwa ni mwendo anaoutaka mtu mwenyewe, unaomfanya avute pumzi kubwa za haraka haraka. Akayataja mengi: kupigana mieleka, kukimbia, kutembea kwa kasi, kutupa mshale, kupanda farasi, kucheza mpira, hata kubembea na kupanda mashua kwa wale wasioweza mazoezi mazito. Alifundisha kwamba kila kiungo kina zoezi lake, na kwamba mtu dhaifu na anayetoka katika ugonjwa hapewi sawa na mwenye nguvu. Kipimo chake kilikuwa rahisi kufahamika na kila mtu: maadamu rangi ya mtu inazidi kunawiri, mwendo wake ni mwepesi na viungo vyake vinazidi kujaa, basi na aendelee, yakianza kupungua hayo, na aache.

Kuchua nako alikupangia daraja. Kuchua kwa nguvu hukaza mwili, kwa ulaini huulegeza, kwa muda mrefu huupunguza, na kwa wastani huunenepesha. Kuna kuchua kabla ya mazoezi ili kuviandaa viungo, na kuna kuchua baada yake ili kuondoa uchovu.

Insafu yataka tuseme kwamba si yote yaliyoanza naye. Mengi aliyachukua kwa Wayunani, hasa Galen, ambaye Waarabu walimwita Jalinus, akayapanga na kuyaongezea aliyoyaona kwa wagonjwa wake. Vilevile maelezo yake mengi juu ya sababu za maradhi, yaliyojengwa juu ya michanganyiko minne ya mwilini, tiba ya leo imeyaacha. Pia fiziotherapia kama taaluma yenye shule zake ni jambo la karne za karibuni. Mwaka 1813 Per Henrik Ling alifungua chuo cha mazoezi ya viungo huko Stockholm, na mwaka 1894 wauguzi wanne wa Uingereza waliunda chama cha wachuaji waliofunzwa. Hata hivyo, Al-Qanun kilikuwa kimekwisha kutafsiriwa kwa Kilatini katika karne ya 12 na Gerard wa Cremona huko Toledo, na kikasomeshwa katika vyuo vya Ulaya hadi karne ya 17. Si kidogo ambacho walimwengu walijifunza humo.

Mtoto katika mikono ya mama

Kwa familia zetu, pengine hakuna mahali pazuri zaidi katika kitabu hicho kuliko pale anapozungumzia mtoto mchanga. Ibn Sina alieleza kwamba mtoto hunufaika kwa mambo mawili: kutikiswa polepole, na kuimbiwa kama ilivyo desturi ya kuwabembeleza watoto. La kwanza ni zoezi la mwili wake, na la pili ni zoezi la nafsi yake. Basi mama anayembeba mwanawe begani, akamwimbia huku akiyumba taratibu, amempa tiba mbili kwa pamoja, naye hajui. Akaendelea kuwausia wazazi wamlinde mtoto na hasira kali, hofu na huzuni, kwa kuwa tabia ikiharibika na siha huharibika, na siha ikitengenea na tabia hutengenea.

Ubao na woga

Katika kitabu chake kingine, Al-Shifa, sehemu inayohusu nafsi, Ibn Sina alitoa mfano ambao kila anayemuuguza mtu angepaswa kuujua. Mtu huweza kutembea juu ya gogo au ubao mwembamba uliolazwa chini, bila shida yoyote. Ubao ule ule ukiwekwa juu, ukawa daraja la kuvukia shimo, mtu yule yule hutetemeka na huenda akaanguka. Miguu haikubadilika wala ubao haukubadilika. Kilichobadilika ni picha ya kuanguka iliyomwingia nafsini, na viungo vikaitii picha hiyo. Akaongeza kwamba mgonjwa aliyeamini kwa yakini kuwa anapona huweza kusaidiwa na imani hiyo, na mzima aliyejiaminisha kuwa mgonjwa huweza kuugua.

Mtaalamu wa tiba ya viungo wa leo hukutana na ubao huo kila siku. Mzee aliyeanguka mara moja chooni huogopa kutembea. Kwa kuogopa hukaa, kwa kukaa misuli yake hunyong'onyea, na kwa kunyong'onyea huwa karibu zaidi kuanguka tena. Aliyeumia mgongo naye huogopa kuinama hata baada ya jeraha kupoa. Hapo mazoezi hayawi ya mguu tu wala ya mgongo tu. Mtaalamu humshika mgonjwa mkono, humsimamisha, humwachia hatua moja, kisha mbili, hadi nafsi yake iamini tena kwamba ardhi ipo.

Katika visa alivyovisimulia Ibn Sina kimo cha mtumishi wa kike katika kasri la Wasamani, aliyeinama kuandaa chakula akashindwa kabisa kunyooka. Tabibu wa kasri hakuwa na dawa mkononi, akaamua kuitumia nafsi: akamfanyia jambo la kumtahayarisha mbele za watu, na yule mwanamke, kwa kukimbilia kujisitiri, akanyooka. Njia ile hatuisifu, na hakuna tabibu mwenye adabu anayeweza kuirudia, kwani mgonjwa ana haki ya stara na heshima yake. Lakini kisa chenyewe kinathibitisha kwamba mlango wa kuelekea kwenye kiungo hupitia moyoni. Nasi tukijua kwamba aibu iliwahi kuufungua, basi tujue kwamba upole na kuaminiana huufungua vizuri zaidi.

Mgonjwa na watu wake

Ibn Sina alilijua pia lile ambalo vipimo havilioni, nalo ni uhusiano wa mgonjwa na watu anaowapenda. Katika Al-Qanun, penye mlango wa maradhi ya mapenzi, alifundisha kwamba tabibu amshike mgonjwa mapigo ya mkono huku yakitajwa majina ya watu. Mapigo yakibadilika katika jina moja mara kwa mara, imejulikana siri iliyomdhoofisha. Na tiba aliyoiona kubwa ni kuwaunganisha wawili hao kwa njia inayokubaliwa na dini na sheria, ikiwezekana. Alisema amepata kumwona mtu aliyekwisha kukonda, mwenye maradhi ya muda mrefu na homa, akarudiwa na nguvu na nyama kwa muda mfupi baada ya kumpata aliyempenda. Waandishi waliokuja baadaye walikitengenezea jambo hili kisa kirefu cha jamaa wa mtawala Qabus, ila Ibn Sina mwenyewe ametaja kwamba alipofika Jurjan hakumkuta Qabus, basi kisa hicho tunakichukua kama hadithi. Mafundisho yaliyomo kitabuni ndiyo yake.

Ikhtilafu juu yake

Hatuwezi kuyapita kimya yale wanazuoni waliyomlaumu. Imam Ghazali aliwajibu wanafalsafa kwa ukali, naye Ibn Sina akiwa miongoni mwao, katika mas'ala makubwa ya itikadi, likiwamo la kufufuliwa kwa miili. Na katika habari za maisha yake aliyosimulia mwenyewe na mwanafunzi wake yamo mambo yasiyolingana na sheria yetu. Mjadala huo una watu wake na vitabu vyake. Hata hivyo Imam Ghazali huyo huyo hakuifunga milango ya tiba, bali aliihesabu miongoni mwa elimu ambazo ni faradhi ya kutosheleza kwa umma. Tunachukua cha tiba na kuacha kisichotuhusu.

Mwisho wa maisha yake

Funzo zito kuliko yote limo katika kifo chake. Tabibu huyu aliyeandika juu ya kipimo cha kazi na mapumziko hakukichunga kipimo hicho kwa nafsi yake. Alikesha akiandika, alisafiri na majeshi, na al-Juzjani hakuficha kwamba hakuyazuia matamanio yake. Alipatwa na msokoto mkali wa tumbo akiwa safarini na Ala al-Dawla, na kwa kutaka kupona upesi asije akaachwa nyuma, akajitibu kwa haraka kupita kiasi, mara nane kwa siku moja, hadi matumbo yakapata vidonda.

Alirudishwa Isfahan amebebwa, hawezi kusimama. Akajiuguza hadi akaweza kutembea tena na kuhudhuria baraza la Amir. Lakini alipopata nafuu kidogo aliacha kujihadhari, ugonjwa ukarudi, akapata nafuu, ukarudi tena. Katika safari ya Hamadan alitambua kwamba nguvu zake zimekwisha, akaacha dawa. Imepokewa kwamba katika siku hizo alitubu, akatoa sadaka, akawaacha huru watumwa wake na kushughulika na kusoma Kur'ani. Alifariki mwezi wa Ramadhani mwaka 428 Hijria, sawa na 1037 Miladia, akiwa na umri wa takriban miaka hamsini na saba, na kaburi lake lipo Hamadan hadi leo.

Wanaofanya kazi ya tiba ya viungo wataitambua hali hiyo mara moja. Wapo wagonjwa wanaovunjwa na kukata tamaa, na wapo wanaovunjwa na pupa. Mazoezi ya wiki nzima hutaka kuyafanya kwa siku moja, na wakiona nafuu ya kwanza huacha yote. Subira, ambayo sisi tumezoea kuitaja katika misiba, hapa inakuwa sehemu ya dawa yenyewe.

Mazingatio kwa familia zetu

Kwa mujibu wa uchambuzi uliochapishwa mwaka 2020 katika jarida la tiba la The Lancet, mwaka 2019 watu wapatao bilioni 2.4 duniani walikuwa na hali ambayo ingeweza kunufaika na tiba za kurejesha uwezo wa mwili. Wengi wao hawako hospitalini. Wako majumbani, na baadhi ni wazee wetu. Kwa hiyo haitoshi kumsifu Ibn Sina kwenye maulidi na makongamano, kisha tukawaacha wagonjwa wetu kitandani.

Kwanza, tusimlaze mgonjwa kwa huruma. Mke anayemlisha mumewe kijiko kwa kijiko, ilhali mkono wake mmoja ungali unaweza, humfanyia mapenzi na humdhoofisha kwa wakati mmoja. Amwache ajaribu, japo uji utamwagika. Pili, tufuate maelekezo ya mtaalamu kwa kiasi na kwa kudumu, tena tusikimbilie kumchua kwa nguvu mwenye jeraha au mfupa uliovunjika kabla ya kuuliza. Tatu, tumtazame moyo wake. Akinyamaza sana, akakataa chakula, akasema hana haja tena, hayo ni maradhi na yaelezwe kwa daktari, wala asiambiwe kwamba imani yake ni dhaifu. Nne, tumrudishie nafasi yake katika nyumba. Baba aliyepooza bado ni baba, basi na aulizwe shauri la harusi ya binti yake, na wajukuu wakae karibu naye, na asaidiwe kuufikia msikiti ikiwa njia ipo.

Na dini yetu imekwisha kulitengeneza hili. Mwili una haki juu ya mwenyewe, kumzuru mgonjwa ni haki ya Mwislamu kwa Mwislamu mwenzake, na asiyeweza kusimama huruhusiwa kusali ameketi, na asiyeweza kuketi husali amelala ubavu. Haambiwi aache, na haambiwi ajitese. Hutakiwa afanye kile akiwezacho leo, na kesho akiweza zaidi, azidishe.

Tunamuomba Mwenyezi Mungu (S.W.) awape shifaa wagonjwa wetu wote, awape nguvu na subira wanaowauguza, na atujaalie tuwe wenye kunyanyua viungo vya wenzetu pamoja na nyoyo zao. Amin.